Suti Moja Iyolwa

Jumatatu, 4 Agosti

"Harusi isiyo na suti ni matanga yaliyokosa maiti." Maneno ya Ochwo. Aliyasema jana mbele ya kamati nzima, amesimama, mkono kifuani kama mtu anayeapishwa. Wakampigia makofi.

Uongo. Tena uongo wa kivivu. Matangani ndiko wanaume wa huku wanakovaa suti! Nimezika watu kuanzia Tororo mpaka Tiira, na sijaona kaburi lisilozungukwa na makoti meusi. Kama suti ndiyo dalili, basi harusi ya Ochwo ndiyo itakayofanana na mazishi. Nikamwambia hivyo hivyo. Makofi hayakuwepo.

Niandike kwa mpangilio, maana hasira inanikimbiza. Phiona, binti wa marehemu kaka yangu Obore, anaolewa Jumamosi ya tarehe 16 kule Iyolwa, kijijini kwa mama yake, Akullo. Bwana harusi ni Matayo, Msamia wa Busia ya Kenya, kijana mtulivu, anauza vipuri vya pikipiki. Sina neno naye. Ochwo ni kaka yake Akullo, mtu wa Mulanda, mwalimu mkuu mstaafu, sasa mwenyekiti wa kamati. Ana suti nyingi na anazizungumzia kama mtu anavyozungumzia watoto waliosoma.

Mimi ni Odeke. Nina duka la fotokopi na uchapaji hapa Busia, upande wa Uganda, karibu na mpaka. Nimesoma kuliko kamati nzima ikiunganishwa. Hayo si majigambo, ni takwimu.

Na ni mimi nitakayemshika Phiona mkono na kumwingiza kanisani. Obore alipotutoka, mtoto alikuwa bado ana mapengo ya meno ya utoto. Alikulia dukani kwangu. Alilala chini ya kaunta mashine ikinguruma, akajifunza kusoma kwenye karatasi zilizoharibika. Siku hii nimeisubiri. Sidai kingine.

Ila suti sivai.

Jumanne, 5 Agosti

Nimeandika waraka. Nimeubandika mlangoni mwa duka. Kichwa: "Kila Sherehe na Daraja Lake."

Hoja yenyewe haina mlango wa kutokea. Mavazi hayachaguliwi kwa kiburi cha mwenyekiti, yanachaguliwa kwa kuitazama sherehe yenyewe. Ni saa ngapi? Chini pana sakafu au nyasi? Viti ni vya mbao au vya plastiki vinavyozama upande mmoja? Chakula kinaletwa mezani au unakifuata mwenyewe na sahani yako? Nikamalizia kwa sentensi ninayoipenda mno: "Sherehe ambayo mbuzi anaweza kupita katikati yake bila kuulizwa, hiyo si sherehe ya suti."

Harusi ya Iyolwa ni saa nane mchana. Jua la Agosti. Kanisa la mabati. Kutoka barabarani hadi mlango wa kanisa ni uwanja mtupu. Mbuzi wapo, nawajua. Suti ya nini hapo?

Watu watatu walisoma. Mmoja alikuwa anasubiri fotokopi ya kitambulisho, lakini alisoma.

Phiona alipita jioni akitoka kazini. Akausoma mlango, akacheka, kisha akaacha kucheka. Akaniambia yeye hajali suti wala kitenge. Anachotaka ni amani. Niahidi tu kwamba siku hiyo nitavaa kilichoandikwa kwenye kadi, basi, yamekwisha.

Nikaahidi. Mara moja, bila kusita. Alishangaa kidogo.

Nani anachapa kadi za harusi hii? Mimi!

Jumatano, 6 Agosti

Siku ya kazi safi.

Kamati iliniletea maneno yao: suti nyeusi na tai kwa wanaume, gomesi, lile gauni refu la mkanda, kwa wanawake. Nikayatazama. Yalikuwa na makosa ya fikra. Mchapaji mwenye dhamira hawezi kuchapa makosa. Nikaandika badala yake: "Mavazi: shati la kitenge, na viatu vinavyostahimili nyasi." Kwa wanawake nikaacha nafasi ya busara zao.

Asubuhi nilimaliza fungu la kwanza, la upande wa bwana harusi. Taaka, shangazi yake Matayo, akavuka kutoka Kenya kulichukua. Mwanamke wa umbo kubwa, sauti kubwa, ana duka la vitenge sokoni kwao. Alisoma kadi. Akasoma mlango. Akauliza mlango umeandikwa na nani. Nikasema ni mimi. Akanitazama juu mpaka chini, akasema kwao wanaume wanateseka na tai miaka yote na hakuna aliyethubutu kusema. Akaomba nakala ya waraka. Nikampa mbili.

Nimepata msomaji! Msomaji wa nje ya nchi!

Mchana akaja Ochwo kuchukua fungu la pili, la upande wetu. Anasoma kwa kidole, mazoea ya kusahihisha mitihani. Kidole kikafika kwenye mavazi, kikasimama. Sitaandika aliyoyasema. Alikaa kwenye kiti changu, juu ya mto wangu, mpaka nikachapa fungu lote upya: suti nyeusi na tai. Aliponiuliza kama kadi za upande wa Kenya ziko sawa, nikamjibu kwamba zimetoka vizuri sana. Ni kweli. Wino ulikaa.

Harriet, mke wangu na mama wa mwanetu Isaac, alikuwa pembeni anapanga bahasha. Hakusema kitu. Harriet asiposema kitu, mtu unatamani aseme.

Jumamosi, 9 Agosti

Imelipuka.

Matayo, kwa ule upole wake, amempigia Ochwo simu kuuliza kama wakwe watakwazika wakiona ndala za ngozi. Ndala! Ochwo akauliza ndala za wapi. Matayo akamsomea kadi. Basi.

Kikao cha dharura kwa Akullo, Iyolwa. Nilikwenda nikiwa na hoja zangu zote kichwani, nimezipanga vizuri, na sikupata nafasi ya kutoa hata moja. Ochwo alikuwa amesimama tayari. Alieleza, kana kwamba mimi ni mgeni hapa, jinsi msafara wa bwana harusi unavyopokewa langoni. Wenyeji wanawatazama wageni tangu viatuni. Aliyekuja kiholela amesema kwa nguo zake kwamba binti yetu hana thamani. Anasimamishwa nje mpaka ajirekebishe. Na lango siku hiyo, akasema, ni lake Ochwo, na shati lisilo na tai halitapita, hata likiwa limemfunika askofu. Wakae barabarani. Warudi Kenya wakabadilishe.

Halafu akashusha sauti, akasema kwa masikitiko makubwa, ya uongo, kwamba pengine ingefaa mjomba ndiye amwingize bibi harusi kanisani, kwa kuwa mjomba yupo na suti anayo.

Akullo alitazama chini. Nilitaka kusema. Ulimi uligoma. Jambo hilo halijawahi kunitokea hadharani.

Phiona akanivuta nyuma ya jiko. Kuku walikuwa wanatupita miguuni. Hakupaza sauti. Ni afadhali angepaza.

"Baba, watu wa Matayo wakiachwa barabarani, mimi sitoki ndani. Nitakaa humo mpaka usiku."

Nikaanza kumweleza kuhusu daraja la sherehe, sakafu na nyasi. Akanishika mkono.

"Najua uko sahihi. Wewe uko sahihi siku zote. Mara hii tu, Baba, usishinde."

Alitaka mawili. Niende kwa Taaka nikarekebishe nilichoharibu. Na nije na suti. Nikifanya hayo, ni mimi. Nisipofanya, ni Ochwo.

Kurudi Busia sikuzungumza. Harriet akaniuliza kama naumwa.

Jumatatu, 11 Agosti

Nimevuka kwenda kwa Taaka. Nilibeba kadi mpya, za suti na tai, chini ya kwapa. Hotuba nimeiandaa: fupi, ya kiungwana, yenye kukiri bila kujidhalilisha.

Nimefika dukani kwake. Barazani mafundi wanashona, cherehani zinalia, na kitenge kimetanda kila mahali: rangi ya chungwa, ndege wa buluu wenye shingo ndefu. Kitenge kimoja kwa ukoo mzima! Wazee kwa vijana. Na ukutani, juu ya fundi mkuu, amebandika waraka wangu. Ameuwekea fremu!

Nani angeweza kuzitoa kadi hapo? Niambieni, nani?

Taaka akanikalisha. Soda ikaja, na andazi. Akawaita mafundi akawaambia huyu ndiye aliyeandika habari za mbuzi. Fundi mmoja alinukuu sentensi nzima bila kutazama ukuta. Maishani mwangu sijawahi kunukuliwa na mtu ambaye hakuwa ananishtaki.

Hotuba yangu ikanikaa kooni pamoja na andazi. Nilichosema mwishowe ni nusu yake. Kwamba upande wetu kuna watu wakaidi, na mwenyekiti fulani, na huenda langoni pakawa na usumbufu kwa ajili ya tai. Kadi mpya sikuzitoa kwapani. Taaka akasikiliza, mdomo ameubana. Akaniuliza mimi nitavaa nini.

Nikasema suti. Nikasema nimemwahidi mtoto.

Akanisogezea soda, akasema: "Mkwe, mtu aliyeandika haya wanamlazimishaje suti? Hapana. Hili niachie mimi."

Niachie mimi! Maneno ya kutisha. Nilirudi Uganda na kadi zangu, zimelowa jasho.

Jambo lingine. Mchana, ili kutuliza moyo, nilituma kwenye kundi la kamati kwenye simu maelezo kidogo kuhusu historia ya tai: asili yake kwa askari wa kukodiwa wa Ulaya, ilivyoingia maofisini, inavyobana mishipa ya shingo. Ujumbe mmoja tu. Mrefu, nakubali. Jioni nikakuta nimeondolewa kundini. Aliyeniondoa: Ochwo. Harriet yeye wamembakiza. Nilimwambia ajiondoe kwa mshikamano. Akasema mshikamano ataufikiria.

Jumatano, 13 Agosti

Nimenunua suti.

Harriet alinipeleka sokoni, kwenye mitumba, na nilimwona akitembea hatua moja mbele yangu kama msichana. Alichagua yeye. Nyeusi. Ya sufu. Vipande vitatu: koti, suruali, na kizibao. Ilishonwa nchi ya baridi kwa ajili ya mtu anayefanya kazi ndani ya jokofu. Muuzaji akasema suti kama hii haiji mara mbili. Naamini.

Nilipoijaribu nyuma ya pazia, watu wawili waliniita bwana. Mmoja alitaka nimsainie fomu.

Tai nimefungiwa na Harriet. Mimi sijui na sitaki kujua. Alipomaliza alirudi nyuma akanitazama kwa muda. Tumeoana miaka mingi, tena tulioana mimi nikiwa na shati la mikono mifupi, kwa misimamo. Alikuwa na gomesi ya hariri siku ile. Sasa nimekumbuka hilo sijui kwa nini.

Kuhusu ukoo wa kitenge kule ng'ambo: sijui Taaka anafanya nini. Sijapiga simu. Nikipiga ataniuliza maoni, nami nitampa.

Ijumaa, 15 Agosti

Mazoezi uani. Nimetembea kutoka kwenye tangi la maji hadi mlangoni, taratibu, mkono umekunjwa tayari kwa mkono wa Phiona. Koti, kizibao, tai, vyote. Kufika mlangoni nilikuwa nimelowa kama mtu aliyeokolewa ziwani. Nikarudia. Sikuacha.

Ninamfanyia Phiona jambo ambalo nisingemfanyia rais. Ajue hivyo.

Harriet ana siri. Simu yake inalia siku nzima, akisoma anacheka peke yake. Alipiga pasi chumbani mlango umefungwa. Nikamuuliza kundi la kamati linasemaje. Akasema mambo ya viti. Nikauliza wakwe watapita langoni? Akasema watapita, nisihangaike na lango, nihangaike na suti yangu isikunjamane.

Nikauliza yeye mwenyewe atavaa nini. Atabadilishia huko huko kwa Akullo, alisema.

Wanawake na mavazi! Sisi wanaume tukiamua tumeamua.

Jumamosi, 16 Agosti, asubuhi

Tunaondoka. Nimevaa. Majirani wametoka nje kunitazama. Mmoja alinipa pole. Nikamwambia ni harusi.

Nimejiandaa kwa lolote. Ochwo akiwazuia watu wa Taaka, nitasimama kati yao na lango, na suti yangu hii itakuwa hoja: huyu hapa mtu aliyekubali, basi nanyi kubalini. Ochwo akinipongeza, nitanyamaza. Nimeapa. Kwa ajili ya mtoto, nitapongezwa na Ochwo na nitanyamaza.

Jumapili, 17 Agosti

Naandika taratibu maana vidole bado vimevimba kwa joto.

Tulifika Iyolwa mapema, kwa Akullo, jirani na kanisa. Nikashuka, nikavuta koti, nikatazama mbele. Uwanja wote ulikuwa na rangi ya chungwa.

Ndege wa buluu wenye shingo ndefu. Kila mahali! Wazee wetu wa Mulanda, ndege. Vijana wa kupanga viti, ndege. Wapiga ngoma, ndege. Mpaka Akullo, mama wa bibi harusi, amejifunga ndege kichwani. Na langoni, amesimama wima, shati la kitenge wazi kifuani, viatu vya wazi, vidole vya miguu vinapunga upepo: Ochwo.

Alinitazama tangu viatuni, taratibu, kipande kwa kipande, akafika kwenye tai.

"Shemeji," akasema, "mazishi ni upande gani?"

Nilielezwa baadaye, kwa mafungu, na kila aliyenieleza alicheka mahali tofauti. Alhamisi Taaka alikuwa amevuka mpaka na majora mazima ya kitenge kile kile pamoja na mafundi wawili. Akaenda moja kwa moja kwa Akullo, akayaweka mikononi mwake, akasema ukoo wa Matayo unaomba ukoo wa Phiona uvae pamoja nao. Hapo Ochwo alifungwa mikono. Nguo iliyoletwa na wakwe, mkononi, mbele ya mama wa binti, huiweki kabatini. Ukiiweka kabatini umemweka kabatini na bwana harusi. Hata Ochwo anajua hilo, na ndiye anayelijua kuliko wote, maana ndiye anayetuchosha nalo. Akapimwa shati siku ile ile. Tangazo likaenda kwenye kundi la kamati.

Kundi la kamati! Ambalo mimi nimetolewa!

Na shati langu lilikuwepo. Lilishonwa kwa vipimo vyangu alivyotuma Harriet, likapigwa pasi na Harriet, chumbani, mlango umefungwa. Nilimkabili nyuma ya nyumba ya Akullo, naye ameshabadilisha, ndege mpaka visiginoni. Nikamuuliza kwa nini. Hakujitetea hata kidogo.

"Baba Isaac, tangu unioe naisubiri suti hiyo. Nisingekubali kunyang'anywa na kitenge siku moja kabla."

Shati liko wapi? Kitandani, nyumbani, Busia.

Wazee wakaanza kuniokoa. Mmoja alitaka nivue koti, mwingine alitaka tubadilishane. Mpiga ngoma alikuwa tayari kunipa shati lake apige kifua wazi. Ochwo, kwa ukarimu uliopitiliza, akasema kama nimechoka mjomba bado yupo, na sasa mjomba amevaa kama wengine. Nikaona kabisa jinsi mambo yanavyoteleza. Nilikuwa nimevaa nilichoahidi na bado nilikuwa karibu kupoteza.

Hapo Phiona akatoka. Gauni jeupe, utepe wa kitenge kiunoni. Alinitazama. Akacheka mpaka wasaidizi wake wakapiga kelele juu ya wanja. Akacheka akishika nguzo ya hema. Nikasimama tu, jasho linapita chini ya kizibao kama linajua njia.

Kisha akafuta macho, akaja mpaka kwangu, akanyoosha tai ambayo haikuwa imepinda.

"Hakuna kubadilisha," akawaambia. "Ninaingia na baba yangu alivyo."

Tukatembea. Kutoka barabarani hadi kanisani, uwanja wote, jua la saa nane. Sufu ile ilivuta joto la wilaya nzima. Nyasi zilikwama kwenye kamba za viatu. Katikati ya njia mbuzi alikatiza, mweusi kama mimi, na watu wa Taaka wakaanza kucheka wote kwa pamoja, maana waraka wanaujua kwa moyo. Phiona alikuwa ananishika mkono kwa nguvu, anatetemeka kwa kucheka, au si kwa kucheka. Karibu na mlango alinong'ona kwamba angependa Obore aone. Sikuwa na hoja.

Mchungaji akauliza nani anamtoa binti huyu. Nikasema mimi. Sauti ilitoka vizuri.

Siku njema. Naliandika hilo ili nisije nikalisahau nikiandika yanayofuata.

Maana katika mahubiri mchungaji, ambaye koti lake alikuwa amelifunika kwa joho, aliangaza macho kanisa zima la rangi ya chungwa, akaniona mimi. Akasema amefurahi kuona angalau mzee mmoja ambaye anajua yuko mbele ya nani. Angalau mzee mmoja! Kanisa zima likageuka kunitazama. Nikakaa wima zaidi.

Halafu chakula. Wali, kuku, atapa, ule ugali wa ulezi, na baadaye wazee wakakizunguka chungu cha ajon, pombe ya ulezi, na mirija yao. Ochwo alikaa karibu nami. Alikuwa na furaha ya ajabu. Akanyoosha miguu kwenye nyasi, akajipepea na kola yake, akasema hajawahi kukaa harusini kwa raha kama hii, na suti zake zote atagawa. Akasema alikuwa amekosea. Ochwo! Akasema jambo la msingi ni kuitazama sherehe yenyewe. Ni saa ngapi. Chini pana sakafu au nyasi. Akamwelekezea Taaka mrija wake na kumalizia, neno kwa neno, habari za mbuzi.

Wazee wote wakakubali kwa vichwa. Wakamwambia amesema vizuri.

Nilisikiliza maneno yangu yakitoka kwenye kinywa kile, na kwa mara ya kwanza nikaziona kasoro zake.

Jumatatu, 18 Agosti

Nimeamka kabla ya Harriet. Nimebandua waraka wa zamani mlangoni. Ulikuwa umeandikwa kwa haraka, na mtu asiyekuwa na uzoefu wa suti.

Ukweli ni huu. Daraja la sherehe halitokani na nyasi. Nyasi ni nyasi tu. Linatokana na tendo. Binti anatoka kwa watu wake kwenda kwa watu wengine: kuna tendo gani kubwa kuliko hilo? Na tendo kubwa linataka mtu ateseke kidogo. Mtu asiyetoka jasho harusini amehudhuria kwa macho tu. Mimi nilihudhuria kwa mwili mzima. Mchungaji aliliona. Picha zitathibitisha: bahari ya ndege, na katikati yake mtu mmoja aliyevaa ipasavyo.

Taaka amepiga simu. Amefurahi, anaomba waraka mwingine, kwa kuwa wa kwanza umemletea wateja. Nimemwambia upo njiani. Sikumwambia unasema nini.

Phiona naye amepiga, kunishukuru. Aliniuliza kama sasa mimi na Mjomba Ochwo tumepatana, kwa kuwa tunakubaliana. Nikamwambia tumekubaliana kwa saa chache. Upande wa pili wa simu akacheka, kisha nikasikia anamwambia Matayo, "Nilikwambia."

Harriet ameuliza suti irudi sokoni au ikae. Ikae! Tena nyingine itafutwe, ya kijivu, kwa sherehe za asubuhi.

Waraka mpya uko tayari kwenye mashine. Nimeandika jina la kila anayehusika, ili asije mtu akasema hakujua:

Ninyi wanaume wa Iyolwa na Mulanda mliokaa Jumamosi kwenye viti vya plastiki na vifua wazi, mkijipepea. Ninyi watu wa Busia ya Kenya mnaomsikiliza kila mwandishi wa mlangoni. Na wewe Ochwo, zaidi ya wote, uliyeivua tai shingoni kwa sababu ya upepo kidogo. Vueni hao ndege. Kabla ya harusi ijayo kila mmoja wenu awe na suti nyeusi, ya sufu, ya vipande vitatu, na aje dukani kwangu nimwone amefunga vifungo vyote.